Jina la Tobias

Mpepai, Mbinga
9 Machi 2023

Wifi yangu Hilda,

Shikamoo. Tumsifu Yesu Kristo. Najua huko ulikoolewa Waanglikana wako hawasalimiani hivyo, lakini ulibatizwa huku huku juu kwetu, kwa hiyo itikia tu.

Jumapili nilikupigia simu, nikapaza sauti mpaka kuku wa jirani wakatawanyika, na wewe ukanijibu kwamba mwaka huu usipa wamepatikana kwa wingi ziwani. Mimi nilikuwa nimekuuliza habari ya kiapo! Basi nimerudi kwenye karatasi. Masikio yako yamestaafu, macho bado yako kazini. Barua hii anakuletea Steven wa gari la Mbamba Bay.

Tangu tumzike mdogo wako Tobias, mume wangu, hii ni masika ya tatu. Mahakama ya mwanzo ilinipa usimamizi wa mirathi, wewe na Alphonce mkiwa mmesimama pale pale, na hakuna aliyepinga. Kisha mimi na wewe tukapeleka faili ofisi ya ardhi ili wabadilishe jina kwenye hati ya shamba. Unamkumbuka yule afisa kijana, Praygod? Alilipokea kwa mikono miwili, akaliweka juu ya kabati, akasema, "Nendeni mama zangu, hii ni kazi ndogo." Kazi ndogo hiyo iko juu ya kabati mpaka leo. Nikienda, mara mtandao haupo, mara mwenye ufunguo yuko semina, mara kuna ziara ya mkubwa. Njoo wiki ijayo, mama. Hiyo wiki ijayo yao sijaiona kwenye kalenda yoyote.

Sasa yamenifika shingoni. Mdogo wenu Alphonce amechimba mashimo ya mikaratusi bondeni, katikati ya kahawa tuliyopanda mimi na Tobias mwaka tuliooana. Nilipomuuliza alinijibu kwa upole kabisa, "Shemeji, hati ina jina la kaka. Kaka hayupo, na hakuacha mtoto. Shamba linarudi kwa ukoo." Mikaratusi ikishika mizizi itanyonya maji yote na mibuni itakauka, na mimi nitakuwa mgeni kwenye nyumba yangu. Ndiyo maana mwaka huu Alphonce hakuja hata kunifyekea majani ya ngoro, hivi vishimo vyetu vya kulimia mlimani. Nimefyeka na kuyalaza mwenyewe, kazi ya wanaume, halafu nikageuka kufukia udongo, kazi yangu. Mgongo unaniuma na roho inaniuma zaidi.

Nimempata wakili wa msaada wa kisheria pale Mbinga, anaitwa Damiano. Anasema dawa ipo: Mahakama Kuu inaweza kutoa amri ya kumlazimisha afisa atimize wajibu aliopewa na sheria. Lakini faili tulilipeleka bila kudai risiti, na shahidi wa siku ile ni wewe peke yako. Anaomba uape kwa maandishi kwamba uliliona likipokelewa. Njoo, wifi, kabla mashimo hayajapandwa.

Wifi yako,
Mektilda


Lipingo
2 Aprili 2023

Mektilda,

Marahaba. Milele amina, ili uridhike.

Barua imefika, imelowa pembeni lakini inasomeka. Mvua huku imekata njia. Goti langu la kushoto limevimba. Mume wangu anatengeneza mtumbwi. Sioni nitapandaje huko sasa.

Halafu serikali haishitakiwi kama mwizi wa kuku. Baba yetu alikuwa akisema mwenye nguvu mpishe. Alphonce nitamsema mimi, ni mdogo wangu.

Nina swali moja. Mkibadilisha hiyo hati, jina la Tobias litakwenda wapi?

Pokea usipa kidogo kwa Steven. Waanike tena, hawajakauka vizuri.

Hilda


Mpepai
28 Mei 2023

Wifi yangu,

Shikamoo. Usipa nimepokea na nimekula nikiwa peke yangu, sikumwita mtu, nisamehewe.

Umeuliza jina la Tobias litakwenda wapi. Litatoka, litaingia langu. Ndiyo kazi yenyewe hiyo. Na huyo mwenye nguvu nimempisha mpaka mimi mwenyewe nimeingia mtaroni, na bado anakuja upande wangu.

Sasa ngoja nikusimulie aibu yangu. Damiano aliniuliza, "Mama, huyu afisa umemwomba lini?" Nikamwambia siku zote. "Kwa maandishi?" Nikamshangaa. Wewe unajua kwetu. Mtu ambaye mlango wake unaufikia humwandikii. Unakwenda, unapiga hodi, unakaa, unaulizia watoto, kisha ndiyo unasema shida yako. Ukimwandikia barua mtu wa karibu umemtangazia ugomvi. Si unakumbuka baba mkwe alivyoandikiwa na jirani kwa ajili ya mbuzi? Hawakusalimiana tena mpaka mmoja akafa. Kwa hiyo mimi nilikuwa nampelekea Praygod heshima zangu, na mkungu wa ndizi pale ulipoiva.

Damiano alishika kichwa. "Mama, ndizi hazisemi mbele ya jaji. Na tafadhali, hizo ndizi usizitaje popote." Mahakama itauliza kama niliomba, na kama aliyeombwa alikataa au alinyamaza. Kwa karatasi, mimi sijawahi kuomba kitu tangu nizaliwe.

Basi nimeandika. Nilitoa jasho kuliko siku ya kufyeka. Damiano alitaka kuandika yeye kwa lugha ya kiofisi, nikakataa, nikasema kama ni kumkosea adabu mtu basi nimkosee kwa mkono wangu. Nakala yako hii hapa. Safari hii tumegongewa muhuri wa kupokelewa.

Kiapo bado nakisubiri. Goti lako lipake mafuta ya nyonyo.

Mektilda


(Nakala)

Mpepai
26 Mei 2023

Kwa Bwana Praygod, Ofisi ya Ardhi

Mwanangu,

Habari za kazi, na mama watoto hajambo? Yule mdogo aliyekuwa anaota meno bila shaka sasa anatafuna mahindi.

Nisamehe kwa kukuandikia wakati miguu ninayo na mlango wako naufahamu. Si ugomvi. Nimeambiwa kwamba bila karatasi mimi huko ofisini sipo, ingawa umeniona mara nyingi na benchi lenu linanijua.

Mimi Mektilda Ndunguru, msimamizi wa mirathi ya marehemu mume wangu Tobias Kinunda, naomba ubadilishe jina la mmiliki kwenye hati ya shamba letu la Mpepai. Faili kamili lilifika mikononi mwako, ukaliweka juu ya kabati la kijani, upande wa dirisha. Sina shaka liko pale pale.

Ukikubali, niandikie siku. Ukikataa, niandikie sababu. Ukinyamaza, wakili ananiambia kunyamaza nako ni jibu, na jibu hilo itabidi nilipeleke mbele.

Nakuombea afya.

Mama yako kwa umri,
Mektilda Ndunguru


Mpepai
15 Oktoba 2023

Wifi Hilda,

Shikamoo.

Praygod hajajibu. Wewe hujajibu. Nimekaa kati ya watu wawili walionyamaza, na aliyeniuma zaidi si yule wa ofisini.

Notisi ya kuishitaki serikali tulishaitoa na muda wake umepita. Damiano ameandika maombi ya kwenda Mahakama Kuu, na anasema kesi kama hii haitakiwi kulala, ukichelewa na wewe unaambiwa umechelewa. Yeye mwenyewe haoni kitu kigumu ndani yake isipokuwa pengo moja, na pengo hilo lina jina lako. Wakili wa serikali atasema faili halikuwahi kufika mpaka ile barua yangu ya Mei. Nani atasema lilifika? Mimi? Mimi ndiye mlalamikaji.

Alphonce amepanda. Miche imefika magotini sasa. Kila asubuhi nikienda kuchota maji naipita. Nilitaka kuing'oa, Damiano akanikataza, akasema tusimpe mtu neno la kunisemea.

Wifi, niambie kweli. Ni goti, au ni damu? Kama mmekaa na Alphonce mkakubaliana kwamba mjane asiye na mtoto aonyeshwe mlango, basi uniandikie hivyo, ili nijue napambana na nani. Nilikuuguzia mama yenu mpaka alipokata roho. Sikutegemea haya kutoka kwako.

Mektilda


Lipingo
19 Novemba 2023

Mektilda,

Sina haja na kahawa yako. Huku nina muhogo wangu na wavu wa mume wangu, vinatutosha. Na Alphonce hajaja Lipingo tangu msibani. Nimemtumia maneno mara mbili, hajibu. Usinipake matope ambayo sikuyakanyaga.

Tobias nilimbeba mgongoni. Mama alipokuwa ngoroni toka alfajiri, mimi ndiye nilikuwa mama yake. Neno lake la kwanza lilikuwa jina langu. Aliponifuata huku ziwani akiwa mkubwa, mwenye ndevu, alikuwa bado ananyoosha mikono nimpe kiazi chake.

Hakuacha mtoto. Simlaumu mtu, Mungu ndiye mpaji. Lakini hakuna mtoto wa kuitwa Kinunda wa Tobias hapa duniani. Msalaba wake ni wa mbao, na nilipokuja kumwombea mara ya mwisho, mchwa walikuwa wamefika kwenye herufi ya kwanza. Mahali pamoja tu ndipo jina lake limeandikwa na limekaa, nalo ni hiyo hati. Nikakuuliza litakwenda wapi. Ukanijibu litatoka, kama mtu anayetoa majivu jikoni.

Wewe unaita kubadilisha. Mimi naona ni kumzika mara ya pili, halafu unataka niape juu ya Biblia kusaidia kuchimba.

Hilo ndilo goti langu.

Hilda


Mpepai
7 Januari 2024

Wifi yangu,

Shikamoo. Nimesoma barua yako nikiwa nimekaa kizingitini, nikashindwa kuinuka kwenda kupika. Nisamehe. Niliandika kwa haraka na hasira, kama mwenye nyumba inayoungua.

Nikuambie jambo ambalo sijamwambia hata padri. Kule ofisini hawaiti watu kwa majina yao, wanaita jina lililo juu ya faili. Kwa hiyo kila nilipofika, Praygod alitoka mlangoni akaita, "Tobias Kinunda!" Na mimi nikasimama nikaitika, "Nipo." Watu wakacheka, mwanamke gani anaitwa Tobias. Mwanzo nilichukia. Baadaye, wifi, kuna siku nilikwenda nikijua wazi kwamba hakuna kitakachofanyika. Nilikwenda ili nisikie anaitwa. Hapa nyumbani hakuna anayemwita tena.

Kwa hiyo usidhani nalifuta nikiwa nacheka.

Lakini mibuni ile aliipanda kwa mikono yake. Shina la tatu kutoka mtoni lina kovu la panga, siku ile alipokasirika na mimi akalipiga shina badala ya kunijibu. Jina likibaki kwenye karatasi na mibuni ikafa kwa mikaratusi, tutakuwa tumetunza nini chake? Nimelifikiria hili mpaka kichwa kimeuma, na sijui kama nina haki. Pengine wewe ndiye mwenye haki.

Jaji ametupa ruhusa ya kuleta maombi yenyewe, yatasikilizwa baada ya Pasaka. Sikulazimishi. Kiapo kinachotolewa huku roho inakataa si kiapo. Nitakwenda na barua yangu moja yenye muhuri, nitakachopata nitapokea, na wewe utabaki kuwa wifi yangu.

Muhogo wako nausikia harufu mpaka huku. Nitumie.

Mektilda


Lipingo
23 Februari 2024

Mektilda,

Juzi nilipanda gari nikaja Mbinga. Sikupita Mpepai, usinune. Ningepita ningeiona miche ya Alphonce na ningeing'oa, na wakili wako amekataza.

Nilikwenda kwa Damiano moja kwa moja. Alinisomea maneno kwa sauti mpaka watu wa barabarani wakasimama. Nikamwambia aniandikie nisome mwenyewe. Nikapunguza hapa, nikaongeza pale, nikaapa, nikaweka sahihi. Anasema kiapo kimewahi.

Sijakubali. Nimesema tu nililoliona. Faili lilifika, na kweli haiwezi kuzuiwa kwa sababu inaniuma.

Muhogo uko kwa Steven.

Hilda


Mpepai
11 Machi 2025

Wifi yangu, dada wa mume wangu,

Shikamoo, na shikamoo tena. Mwaka mzima nimekutumia salamu za mistari miwili kwa sababu sikuwa na la kusema. Tarehe zilisogezwa, wakili wa serikali akaumwa, jaji akahamishiwa kesi nyingine kisha akarudi. Leo ninalo. Kaa chini, na mume wako aje asikilize.

Wakili wa serikali hakuwa mtu mbaya. Alisema hakuna aliyekataa ombi langu, ofisi ilikuwa inalifanyia kazi. Jaji, mama wa makamo mwenye miwani, akamuuliza, "Kazi gani?" Akapekua karatasi zake muda mrefu. Kisha akasema faili halikuwapo kabla ya barua yangu ya Mei, kama Damiano alivyotabiri. Hapo jaji akasoma kiapo chako, kwa sauti, mahakama nzima.

Damiano hakuwa amenionyesha. Nimekisikia pale kwa mara ya kwanza. "Mimi Hilda Kinunda, dada wa marehemu kwa baba na mama, nililiona faili likipokelewa na kuwekwa juu ya kabati. Sina faida yoyote katika shamba hili. Jambo ninaloapia sitaki litokee, lakini nililoliona ni kweli." Damiano anasema aliomba sentensi ile ya mwisho uifute na wewe ukamwambia kama hataki hiyo asichukue na zilizobaki. Wifi, jaji alivua miwani. Akasema katika miaka yake yote hajaona shahidi wa kuaminika kuliko anayeapa kinyume cha moyo wake. Mimi nililia pale pale kwenye benchi na sikuona aibu.

Hukumu ilisomwa kabla ya Noeli, ila nilisubiri nione mwisho wake ndipo nikuandikie, maana nimeshafundishwa na ile kazi ndogo. Jaji alisema mahakama haiwezi kuandika jina kwenye hati, kalamu ni ya ofisi. Inachoweza ni kumwamuru mwenye kalamu aishike. Akasema pia kwamba mtumishi hana ruhusa ya kukataa kwa kunyamaza, na akawapa muda mfupi watekeleze au waeleze kwa maandishi kwa nini hawawezi.

Wiki iliyopita nikaitwa. Praygod akatoka mlangoni, akaita, "Tobias Kinunda!" Nikasema, "Nipo." Nilijua ni mara ya mwisho. Aliniomba radhi, nikamwambia mwanangu, yamekwisha. Akafungua daftari kubwa la usajili, akachukua rula na wino mwekundu, akapiga mstari juu ya jina la mdogo wako.

Hilda, nilisikia maumivu kama siku tunatoka makaburini. Yote uliyoniandikia yalinirudia. Nilitaka kumshika mkono nimwambie acha, rudisha. Miaka yote nimepigania mstari ule, na nilipouona sikuutaka.

Akaandika chini yake, polepole, kisha akanigeuzia nisome kabla sijaweka sahihi. Nakunakilia kama yalivyo, neno kwa neno:

*Mektilda Ndunguru, msimamizi wa mirathi ya Tobias Kinunda, marehemu.*

Nikamwambia kuna kosa, ameliandika tena. Akasema, "Hapana mama, ndivyo sheria inavyotaka. Msimamizi haandikwi peke yake. Lazima ionekane anasimama kwa ajili ya nani." Na kwenye hati ni hivyo hivyo, kwa mashine, na muhuri juu.

Kwa hiyo lipo, wifi. Halikwenda popote. Tumeumizana bure mimi na wewe, na hakuna aliyetuambia. Nilimfokea Damiano, naye akasema alidhani tunajua, ni jambo la kawaida. La kawaida kwake! Anasema baadaye kuna hatua nyingine, ya kuligeuza shamba liwe kwa jina langu tupu. Nimemwambia hatua hiyo ofisi na ichelewe inavyopenda, safari hii sitapiga hodi.

Alphonce nimemwonyesha. Aliisoma mara mbili, akaweka kidole kwenye jina la kaka yake, akaondoka. Miche bado imesimama. Sijaigusa, kwa sababu nataka aing'oe aliyeipanda.

Majani ya ngoro yamekomaa na sina wa kunifyekea. Njoo.

Wako,
Mektilda Ndunguru, msimamizi wa mirathi ya Tobias Kinunda


Lipingo
30 Machi 2025

Mektilda,

Marahaba. Tumsifu Yesu Kristo. Leo nimeanza mimi.

Mume wangu alinisomea barua yako sikioni, kisha nikamnyang'anya nikasoma mwenyewe, kisha nikampa anisomee tena. Sitaandika mengi, karatasi inalowa.

Nakuja Jumatano na gari la Steven. Goti limepona, kama lilikuwa linaumwa. Alphonce nimemtumia ujumbe kwa kijana wa pikipiki, nimemwambia dada yake mkubwa anapanda Mpepai na anataka kumkuta shambani ameshika fyekeo. Ataanza na miche yake, halafu majani yako. Safari hii amejibu. Amesema, "Ndiyo, dada."

Hati iweke mahali pakavu, mbali na mchwa, na usimpe mtu mwingine kuishika mpaka nifike. Masikio yamestaafu kama ulivyosema, lakini jina la mdogo wangu bado naweza kulisoma.

Hilda